Kilo Ngapi?

Alhamisi ile treni ya Kigoma ilichelewa.
Wengine wakasema injini, wengine tuta limeliwa na mvua huko Malagarasi,
nami kuli bila treni ni mikono tu inayoning'inia,
nikasema leo basi niende Kwihara.
Miaka hamsini na miwili Tabora, nimeoa humu, nimezika humu,
tembe lile jekundu nalipita na baiskeli
kama nyumba ya mtu anayenidai.

Kiingilio elfu mbili. Mtembezaji ni Nyamizi,
beji kifuani, raba nyeupe,
sauti ya mtu aliyekariri na bado anapenda.
"Karibuni. Tutazame kwa macho, mikono tuiache nyuma."
Watoto wa darasa la sita wakafunga mikono mgongoni.
Na mimi nikaifunga.

Chumba cha kwanza, ramani. Mstari mwekundu
unatoka pwani, unapinda Ugogo, unafika hapa tulipo.
"Hapa aliugua," anasema Nyamizi. "Hapa alivuka mto.
Hapa alikaa miezi akingoja barua."
Aliugua, alivuka, alikaa, alifika.
Sikusoma sana, lakini a- naijua na wa- naijua,
nikangoja wa- ipite, kama ningojavyo behewa la mwisho.
Haikupita.

Chumba cha pili, nyuma ya kamba ya katani, sanduku.
Bati, pembe zimeliwa na kutu, bawaba moja.
"Ndani mlikuwa na shanga, dawa, vitabu."
Kalamu za watoto: shanga, dawa, vitabu.
Mimi natazama kishikio. Kimewekwa chini mno.
Aliyekiweka hakutarajia kubeba.
Na ule ukingo wa kushoto, uliobonyea kidogo, unaong'aa:
pale palikaa bega la mtu, na si siku moja.

"Samahani dada. Lina kilo ngapi?"

Akafunua daftari. Akarudi nyuma, akafunua tena.
"Urefu upo," akasema. "Upana upo. Mwaka upo."
Watoto wakacheka. Mwalimu akainua rula.

Bibi yangu alisema mzigo wa mtu mzima ni frasila mbili,
chakula chake na mkeka wake havihesabiwi.
Babu yake yeye alikuwa na sugu begani, kubwa kama ndimu;
wajukuu wakisinzia waligombea bega la pili.
Uzeeni kote alilalia ubavu mmoja.
Hayo ndiyo niliyonayo. Jina la kambi hata moja sina.

Watoto walipotoka uani na juisi zao za pakiti
Nyamizi akachungulia mlangoni, akafungua kamba.
"Shika huko."
Tukainua. Chini yake sakafu ilikuwa na rangi nyingine.
"Kumi na nne," nikasema. "Tano ukiweka na kutu."
"Na likijaa?"
Nikataka kujibu, shingo ikajibu kwanza,
ikainama yenyewe, kupisha mzigo ukae.

Penseli, si kalamu, ili mkuu wake akikataa afute:
*kilo 14, likiwa tupu. Limepimwa kwa mikono na*
"Jina lako nani?"
Nikamtajia. Nikamwambia aache nafasi chini.
"Ya nani?"
Sikujua. Nikasema wewe acha tu.

Simu: treni imetoka Urambo.
Boda, vumbi, elfu mbili nyingine imekwenda.
Behewa la tatu, mama mmoja na madumu manne ya mawese
anapaza sauti, "Kuli! Mpaka kituo cha basi bei gani?"
Nikamwambia ngoja, mama,
kwanza niyanyanyue.